Basi la Kuchakachua na Sauti ya Mama

Mimi kukaa siwezi. Mama alizoea kusema kwamba siku niliyozaliwa mkunga alikata kitovu akasahau kunituliza miguu, ndiyo maana nikaishia kwenye kazi ya kukanyaga cherehani. Kweli tupu. Nikikosa kitambaa cha kushona, nafagia. Nikimaliza kufagia, nagombana na mtu. Nilipokuwa mwali, makungwi walinifunza kutulia mpaka wakachoka wao, wakasema mwacheni huyu, mumewe atajua mwenyewe. Mume alijua, akaondoka, lakini hiyo si habari ya leo.

Habari ya leo ni simu yangu, na Myao.

Myao ni fundi simu. Tunatumia baraza moja mjini Mtwara, karibu na soko. Cherehani changu kipo kushoto mwa mlango, meza yake ya kioo ipo kulia, na katikati kuna soketi moja ya umeme tunayoigombania kila siku ya Mungu. Kwao ni Tunduru. Mimi ni Mmakonde wa Mahurunga, kule karibu na mto Ruvuma. Sisi ni watani, na tangu siku ya kwanza hatujawahi kuitana kwa majina. Yeye kwangu ni Myao. Mimi kwake ni Mmakonde, au, akiamka na furaha, marehemu. "Marehemu, umeamkaje?" Namjibu, "Nimeamka salama, nakungoja wewe utangulie nije kula ubwabwa wako."

Utani wa kwetu hauishii mdomoni. Mtani akikuta una kitu akakipenda, anakichukua, na huna pa kumshtaki. Ukinuna, wewe ndiye mwenye kosa, watu watakucheka. Na ukifiwa, mtani ndiye anayekuja msibani kavaa kanga ya marehemu, anatembea kama marehemu, anakohoa kama marehemu, mpaka wafiwa wanacheka huku machozi yanawatoka. Myao anasifika kwa kazi hiyo. Watu wa mtaani kwetu wanamwita msibani kabla hawajaenda kununua sanda.

Mama alikutana naye mara ya kwanza alipokuja mjini kuniletea ming'oko, vile viazi vya porini vya kwetu. Alikuwa ameichemsha kwao alfajiri, kaifunga kwenye kikapu, kaja nayo imebebwa mapajani kama mtoto. Hata hajaketi, Myao akauliza, "Huyu naye Mmakonde?" Nikasema ni mama yangu. Basi akakwapua kikapu, akaenda kukaa na wenziwe kwenye kivuli cha duka la jirani, wakala mbele ya macho yetu. Mama akasimama barazani, mikono kiunoni, akapaza sauti mpaka wauza samaki wakageuka: "Mwizi! Mwizi weee! Myao mwizi!" Alikuwa anacheka mpaka mtandio ukamvuka.

Kuanzia siku hiyo jina la Myao kwa mama likawa Mwizi. Kila akija mjini, msimu wa korosho au nje ya msimu, neno lake la kwanza lilikuwa hilo, hata mimi mwanawe hajanisalimu. Na Myao akajifunza sauti yake. Mama ana sauti nyembamba kidogo, yenye mkwaruzo mwanzoni, na hawezi kuanza kusema lolote la maana bila kukohoa. Mara nyingi nikiwa ndani nampima mteja, nikisikia barazani, "Mwanangu, mama anaongea," nilikuwa naitika, "Abee mama!" natoka mbio na futi shingoni, namkuta yule mshenzi peke yake, kajikunja kwa kicheko.

"Mwanangu, mama anaongea" ndivyo mama alivyoanza kila sauti aliyonitumia kwa simu. Kuandika hakujua, kwa hiyo alikuwa anaongea. Nilimnunulia simu, mtoto wa jirani akamfundisha pa kubonyeza, ikawa ndiyo redio yake. Kila siku aliniletea habari. Mwanangu, mama anaongea. Umekula? Mikorosho imetoa maua lakini mvua hii ya leo sijui, itayaangusha. Nguruwe wameingia kwenye mihogo ya mama yako mdogo. Usilale dirisha wazi. Haya, nimemaliza. Miaka na miaka ya maneno hayo ilikuwa ndani ya simu yangu, na mimi, na miguu yangu isiyotulia, niliyasikiliza nusunusu huku nashona.

Halafu mama akaanguka. Alikuwa kwenye jaruba lake la mpunga, simu ikiwa imefungwa kwenye ncha ya kanga. Waliomkuta walisema alilala ubavu, nusu kwenye maji. Kiharusi. Kilichukua mkono wa kulia, mguu wa kulia, na maneno yote. Simu yake nayo ilikunywa maji na matope, haikuwaka tena.

Mama, mwanamke aliyeweza kugombana na mtu wa ng'ambo ya mto, sasa alikaa kwenye mkeka, anakutazama. Anaelewa kila kitu. Ukimwambia mpunga umevunwa, anatikisa kichwa. Lakini akifungua mdomo, inatoka pumzi tu, na macho yanajaa maji kwa hasira. Mtaalamu wa mazoezi pale hospitali aliniambia usimwache katika ukimya, mwongeleshe, mwimbie, mwache asikie. Nikauliza atasema tena? Akasema wengine husema, wengine hapana.

Mimi ndiye niliyepata akili ya kumsikilizisha sauti yake mwenyewe. Siku ya kwanza nilifanya kwa sababu nilikuwa nimeishiwa la kusema. Niliweka simu mkekani, nikabonyeza. Kikohozi, kisha, "Mwanangu, mama anaongea." Wallahi, mama alishtuka. Aliinamia ile simu, na midomo yake ikaanza kwenda, taratibu, ikifuata maneno. Haikutoa kitu, lakini ilikwenda. Toka hapo kila Jumapili nilikuwa nakodi bodaboda mpaka Mahurunga, nakaa naye, nambonyezea sauti moja baada ya nyingine, na mimi naangalia ile midomo. Mama yangu mdogo, anayemtunza, akasema kuna siku alisikia kama herufi. Nilitaka kuamini, nikaamini.

Watu wameniuliza kwa nini sikuzihifadhi kwingine. Mtandaoni kuna mahali pa kuhifadhi, najua. Nilikuwa nimepazima kwa sababu panakula bando, na kwa sababu simu ilikuwa mkononi mwangu saa zote. Nani anaficha kitu alichokishika?

Sasa, siku nyingine za wiki nilikuwa nafanya nini na wasiwasi wangu? Naendesha basi.

Msicheke. Kuna gemu la simu, unakuwa dereva wa basi. Waliolitengeneza ni wageni huko, lakini vijana wa hapa nchini wamelitia mabasi yetu, rangi zetu, honi zetu, mpaka vibao vya barabara ya kusini. Myao ndiye aliyenionyesha, akidhani nitamcheka. Nikanaswa. Nikikosa mteja, nakaa kwenye cherehani, miguu inakanyaga hewa, mikono inazungusha usukani wa kwenye kioo, natoka Dar nakuja Mtwara, kona baada ya kona, na akili yangu kwa muda huo haipo Mahurunga kwenye mkeka. Hiyo ilikuwa dawa yangu. Ya mama ilikuwa sauti, yangu ilikuwa basi, zote kwenye simu moja.

Shida ni kwamba lile gemu lina ubahili. Unaendesha siku nzima unapewa visarafu vichache, na basi kubwa la ghorofa nililolitaka lilihitaji sarafu za kuendesha mpaka uote mvi. Nilikuwa nalalamika, na Myao ananisikia.

"Mmakonde, mbona unajitesa? Nipe hiyo simu niiruti, nikuchakachulie."

"Kuruti ndiyo nini?"

Akavuta kigoda. Myao akipata nafasi ya kueleza simu, hata mteja akija anamwambia subiri. "Simu ni nyumba ya kupanga," akasema. "Unakaa, ni yako, lakini kuna chumba kimoja kiwanda kimekifunga, ufunguo anao mwenye nyumba. Kuruti ni kuvunja kile chumba. Ukishaingia mle, wewe ndiye bosi. Unaliendea gemu mpaka tumboni, unaliambia sarafu zangu si hizo, ni milioni. Linakubali."

"Na mwenye nyumba akijua?"

"Anakufukuza. Kwani utakufa?"

"Na wezi? Ukishavunja mlango, si na wao wanapita?"

Akacheka. "Mwizi ni mimi, mama yako kasema. Wengine wataniogopa."

Hakuniambia jambo moja, na sijui kama siku hiyo alilikumbuka. Kabla kile chumba hakijafunguka, simu inafagia nyumba nzima. Kila kilichomo.

Nikamwambia, "Thubutu uiguse simu yangu, nitakuzika wewe na hiyo meza yako." Nilisema nacheka, kama ninavyosema naye kila siku. Hapo ndipo naumia hadi leo. Ningemwambia mtu mwingine yeyote maneno yale, angenywea. Mtani hanywei. Mtani ukimwambia thubutu, umempa kazi.

Jumamosi moja niliitwa kijiji cha Mpapura kumpima bibi harusi na wapambe wake. Simu ilikuwa haina chaji, nikaiacha kwenye soketi yetu, upande wa kwake. Niliporudi alasiri, kichwa kinaniuma kwa kelele za wale wanawake, Myao alikuwa amesimama barazani, mikono mgongoni, anatabasamu hadi magego.

"Marehemu, umefufuka tajiri!"

Akanipa simu. Basi la ghorofa, hilo hapo, linang'aa. Sarafu ziliandikwa tarakimu nyingi hadi zimetoka nje ya kisanduku chake. Nikapiga kigelegele, kweli, nisiseme uongo. Wauza samaki wakauliza kuna nini. Nilikaa, nikaendesha, nikanunua na mabasi mengine nisiyoyahitaji. Myao akawa ananielezea jinsi alivyofanya, kwamba namba zangu zote amezirudisha, picha zote alizihamisha kwanza kwenye kadi kisha akazirudisha, hata zile za vitenge, hajapoteza kitu. Sikumsikiliza. Nilikuwa napita kona za Somanga.

Asubuhi ya Jumapili nikapanda bodaboda. Njiani tairi likapata pancha, dereva akainama kuziba, nami nikatoa simu nisogeze muda. Gemu likagoma. Yakaja maandishi: akaunti imefungwa moja kwa moja kwa udanganyifu. Nikabonyeza tena na tena. Wapi! Mabasi yangu yote, na lile dogo nililolitolea jasho, yote yamekwenda. Nikatukana pale barabarani mpaka dereva akauliza nimefiwa. Nikasema nimefukuzwa kwenye nyumba ya kupanga. Nikajicheka mwenyewe, nikasema haya, tamaa mbele, mauti nyuma.

Nilidhani hayo ndiyo yalikuwa mauti yenyewe.

Mama alikuwa ameoga, kakalishwa barazani, kanga safi. Aliniona, akanyoosha mkono wa kushoto, mzima, kiganja juu. Hakuwa anaomba salamu. Alikuwa anataka simu. Nikakaa, nikafungua mahali zinapokaa sauti zake. Paliandikwa jina la mama, picha yake ipo, na chini yake peupe. Nikapanda juu, nikashuka. Peupe. Nikazima simu nikawasha, ikachelewa, ikawaka, peupe. Mama bado kanyoosha kiganja.

"Chaji imeisha, mama," nikasema.

Akaniangalia. Kioo kilikuwa kinawaka usoni kwangu. Mama yangu amenyang'anywa maneno, hajanyang'anywa macho. Akashusha mkono, akageukia upande wa mgomba, na siku nzima hakunitazama tena.

Nilirudi mjini sijui nilivyorudi. Nilifika barazani, Myao anakula muhogo wa kuchoma, akaanza, "Marehemu..." Sikumwacha amalize. Nilipindua meza. Ile ya kioo. Nilimwambia maneno ambayo sikuwahi kumwambia mtu, maneno ya kweli, bila utani hata chembe. Aliokota vijisimu vyake chini huku anauliza kuna nini, kuna nini, na nilipomwambia, akakaa palepale sakafuni.

"Sauti," akasema. "Sauti hazikai na picha. Zina folda yake." Akashika kichwa. "Nilihamisha picha, nikahamisha video, nikahamisha namba. Mmakonde, haki ya Mungu, sauti sikuzikumbuka."

"Ukakumbuka basi."

"Basi lilikuwa limehifadhiwa huko kwa wenyewe. Lilirudi lenyewe."

Yaani basi lilirudi lenyewe! Nililia mpaka nikapaliwa.

Majirani walikuja. Na wote, wanawake na wanaume, waliniambia lilelile: sasa huyu si mtani wako, utamfanyaje? Hujui mzaha mzaha hutumbua usaha? Mmoja akasema mtani aliyepitiliza analeta kuku, mambo yanaisha. Kesho yake Myao akaleta kuku kweli, jogoo mwekundu, kamfunga miguu. Nilimfungua yule jogoo nikamwacha aende zake sokoni. Kuku ananirudishia nini?

Myao hakukata tamaa, na hapo ndipo alipoongeza ubaya juu ya ubaya. Alisema kwa kuwa simu imeshavunjwa, anaweza kuchimba hadi chini kabisa, vilivyofutwa huwa vinabaki. Akapakua programu ya kuchimbua, sijui aliitoa kichochoro gani cha mtandaoni. Ikaomba ruhusa ya kile chumba, akaipa. Ilichimba siku mbili mfululizo, simu inachemka kama pasi. Ilitoa vijipande vya picha, ukingo wa kitenge, nusu ya sikio la mtu. Sauti hakuna. Akaniambia kwa unyonge kwamba simu za siku hizi zinafunga vitu kwa ufunguo wa siri, na ikifagiwa, ufunguo unatupwa. "Vitu huenda vipo," akasema, "lakini ni vumbi."

Ila ile programu haikuwa imekuja kuchimba tu. Wateja wangu wakaanza kunipigia. Dada, mbona unatutumia vitu vya ajabu? Simu yangu ilikuwa inawatumia ujumbe yenyewe, viungo vya kubonyeza, kwa jina langu, mpaka kwa shehe wa msikiti wetu. Benki nayo ikagoma kufunguka kwenye simu, ikaandika kifaa hiki si salama. Mlango ulikuwa wazi, na kila mpita njia ameingia. Myao akalazimika kuifuta tena yote, akarudisha kufuli la kiwandani, na simu ikawa mpya kabisa, tupu kabisa. Hata zile picha sikutaka azirudishe. Nilimwambia aiache vilevile.

Siku zile nilishona vibaya. Nilikata gauni la mtu mikono miwili ya kushoto. Nikikaa nasimama, nikisimama natafuta pa kukaa. Jumapili ikapita sikwenda Mahurunga. Nilimpigia mama mdogo nikamdanganya nina homa. Akasema, "Dada anakaa na mkono umenyooshwa tangu asubuhi." Nikakata simu.

Jumapili iliyofuata nilisimama mbele ya meza ya Myao. "Vaa shati," nikamwambia. "Unakwenda Mahurunga. Utamwambia wewe mwenyewe, kwa mdomo wako." Akalivaa. Njia nzima, yeye kwenye bodaboda yake na mimi kwenye yangu, hakurusha neno hata moja, na Myao asiyesema ni mtu wa kutisha.

Tulimkuta mama palepale barazani. Alipomwona Myao macho yake yakafunguka, na upande mzima wa uso ukaanza kutabasamu. Myao akavua viatu. Akapiga magoti kwenye udongo, akainamisha kichwa, akasema, "Shikamoo mama."

Loo! Tabasamu likafa. Mama akamwangalia Myao, akaniangalia mimi, akamwangalia mdogo wake, anatafuta ni nani amekufa. Miaka yote mtani huyu hajampa shikamoo hata moja. Leo anamwamkia kwa heshima, basi kuna msiba. Alianza kupumua haraka. Mama mdogo akaniuliza, "Mmeleta nini hapa?"

Myao akaanza kusema. "Mama, mimi nimekukosea, ile simu..." Akakwama. Mama alikuwa amenyoosha kiganja kwangu. Simu. Nikaitoa nikampa, sikuwa na uongo mwingine. Akaishika kwa mkono wake mmoja, akaibonyeza kwa kidole gumba kama anavyoniona nikifanya, akaisogeza sikioni. Kimya. Akaitikisa. Akaisogeza tena sikioni, na mdomo wake ulikuwa umeshakaa tayari, umejiandaa kufuata.

Nilihisi nitakufa pale. Nilimkanyaga Myao mguu. "Sema," nikamnong'oneza. "Si unajua kusema? Sema kama unavyosema barazani."

"Siwezi. Hiyo ni ya msibani."

"Sema, Myao!"

Alikuwa bado kapiga magoti. Alifumba macho. Akakohoa, kile kikohozi chenyewe, na mama mdogo aliyekuwa anachochea moto aligeuka kwa mshtuko. "Mwanangu, mama anaongea," Myao akasema, kwa ile sauti nyembamba yenye mkwaruzo. "Umekula? Mikorosho imetoa maua, lakini mvua hii ya leo, sijui. Nguruwe wameingia kwenye mihogo ya mama yako mdogo. Usilale dirisha wazi." Yote. Alikuwa anayajua yote. Miaka yote ile nilipokuwa nasikiliza nusunusu huku nashona, yeye upande wa pili wa mlango alikuwa anasikiliza kikamilifu, apate cha kunichekea. Machozi yalikuwa yanamtoka na sauti haikutetemeka. "Haya," akasema. "Nimemaliza."

Mama alikuwa ameacha simu ianguke mkekani. Midomo yake ilikuwa inakwenda. Alimtazama Myao kwa muda mrefu, shingo imekaza, mshipa umesimama, na mkono wa kushoto ukanyanyuka, kidole kikamwelekea usoni.

"Mwi," akasema.

Myao akafumbua macho.

"Mwi. Zi." Akavuta pumzi. "Mwizi. Mwizi we!"

Mama mdogo alipiga ukelele, sufuria la uji likamwagika motoni. Myao alianguka kifudifudi pale mkekani, analia na kucheka, anasema, "Ndiyo mama, mimi, ndiye mimi mwizi," na mama anampiga kichwani kwa kiganja, kila pigo na neno lake. Mwizi. Mwizi. Lilikuwa na mkwaruzo, limepinda upande mmoja, lakini lilikuwa sauti yake, mimi naijua. Nilimkumbatia kwa nyuma nikaisikia ikitetema mgongoni mwake.

Hakuwa na neno lingine. Tulimuuliza anataka uji, akasema mwizi. Tukamuuliza aletewe mto, akasema mwizi. Nikaja mbele yake, nikakaa, miguu yangu imetulia kabisa, nikamuuliza, "Mama, na mimi je, ni nani?"

Alinitazama. Akatafuta, nikaona anatafuta kwa nguvu zake zote. Kisha akanishika shavu.

"Mwizi," akasema, polepole, kama mtu anayembembeleza mtoto.

"Abee mama," nikaitika.